Mashairi ya Safari na Ardhi: Kutoka Hijazi hadi Ukingo wa Ngorongoro

Bismillahir Rahmanir Rahim. Sifa njema zote zinamstahiki Allah (s.w.), Aliyeitandaza ardhi na kuisimamisha milima juu yake. Rehma na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad (s.a.w.), jamaa zake, Maswahaba zake na kila aliyewafuata kwa wema.

Ama baada ya hayo. Ndugu msomaji, anayetoka Arusha kwenda Karatu husafiri takriban kilomita 140. Akishapita Mto wa Mbu, barabara huanza kupanda ukuta wa Bonde la Ufa, na Ziwa Manyara hubaki chini yake. Huko juu kuna mashamba ya Wairaqw, mji wa Karatu, mlima Oldeani, kisha msitu na ukingo wa Ngorongoro. Katika njia hiyo ndipo tulipokutana na swali lililotufanya tuandike makala haya.

Kijana mmoja Muislamu wa Karatu, anayefanya kazi ya kuongoza wageni, alituambia kuwa alikuwa na daftari la mashairi. Ndani yake alitunga beti juu ya milima, chemchemi na njia za zamani, nyingine akizitoa katika maneno aliyoyasikia kwa babu yake. Wenzake msikitini wakamwambia kuwa washairi ni watu waliopotea kwa nassi ya Qur'an, na kwamba kusifu mabonde na wanyama ni upuuzi usiomfaa muumini. Akalifunga daftari. Swali lake lilikuwa fupi: je, alichokuwa akikifanya ni haramu?

Swali hili si dogo. Jibu likiwa ni haramu, basi sehemu kubwa ya urithi wa Waislamu, wa Bara Arabu na wa pwani yetu, ni ya kutupwa. Likiwa ni halali bila mipaka, basi tumefungua mlango wa uongo, shirki na kupoteza Sala. Tutalitazama kwa utaratibu, kwanza historia, kisha dalili, kisha hukumu.

SAFARI KATIKA MASHAIRI YA WAARABU WA KALE

Mashairi ya Waarabu kabla ya Uislamu yalizaliwa njiani. Kabila lilihama kufuata mvua na malisho, na mshairi alirudi baadaye akakuta mahali pa kambi pamebaki mawe ya jiko, majivu na alama za mahema. Ibn Qutayba (amefariki 276 H), katika kitabu chake juu ya mashairi na washairi, ameeleza mpangilio wa kasida hizo. Mshairi huanza kwa kusimama penye mabaki ya makazi na kumlilia mpenzi aliyehama. Kisha huelezea safari yake, uchovu wa usiku, joto la mchana na kukonda kwa ngamia wake. Mwisho huingia katika kusudio lake, nalo mara nyingi ni kumsifu mtu au kujifaharisha kwa kabila.

Mpangilio huo unaonekana katika kasida mashuhuri ziitwazo Mu'allaqat. Imru'ul-Qays anaanza kwa kuwasimamisha wenzake penye mabaki na kumalizia kwa dhoruba ya mvua iliyofunika milima na mabonde. Tarafa anaeleza kiungo kwa kiungo ngamia anayempandisha jangwani. Labid bin Rabi'a anasawiri punda pori na swala jike aliyepoteza mtoto wake.

Huyu Labid anatufaa sana katika mjadala huu, kwa sababu aliudiriki Uislamu, akasilimu na kuishi Kufa hadi mwisho wa umri wake. Imepokewa katika Bukhari na Muslim kuwa Mtume (s.a.w.) alilitaja neno la Labid juu ya kutokudumu kwa kila kisichokuwa Allah, akalihesabu kuwa ndilo neno la kweli zaidi kusemwa na mshairi. Basi mtu aliyezoea kutazama mabaki ya kambi jangwani aliweza kuiona haki hii, nayo ikathibitishwa na Mtume (s.a.w.) mwenyewe.

Wanachuoni hawakuyahifadhi mashairi hayo kwa ajili ya starehe. Ibn Abbas (r.a.) alikuwa akielekeza kuwa neno la Qur'an likiwa gumu kufahamika, maana yake itafutwe katika mashairi ya Waarabu. Al-Bakri wa Andalusia (amefariki 487 H) alitunga kamusi ya majina ya mahali yaliyotajwa katika Hadithi, historia na mashairi, na Yaqut al-Hamawi (amefariki 626 H) akafuata kwa kamusi kubwa zaidi ya miji na nchi. Mara nyingi ubeti wa msafiri ndio uliowajulisha jina la bonde linatamkwaje na mlima fulani uko upande gani. Na fiqhi inahitaji elimu ya mahali: miiko ya Hija, mipaka ya Haram, masafa ya safari. Hivyo ubeti juu ya kilima uliweza kuwa msaada wa kufahamu hukumu.

DALILI ZINAZOKATAZA

Wenye kukataza hutaja dalili tatu. Ya kwanza ni Aya za mwisho wa Surat Ash-Shu'araa (26:224-227), zinazosema kuwa washairi hufuatwa na wapotofu, hutangatanga katika kila bonde na husema wasiyoyatenda. Ya pili ni Hadithi iliyomo katika Bukhari na Muslim, kuwa ni bora tumbo la mtu lijae usaha kuliko kujaa mashairi. Ya tatu imo katika Sahih Muslim kutoka kwa Abu Sa'id al-Khudri (r.a.), nayo ni ya safarini hasa: walipokuwa wakitembea na Mtume (s.a.w.) mahali paitwapo Al-Arj, alitokea mshairi akighani, na Mtume (s.a.w.) akaamrisha azuiwe, akamwita shetani.

Hizi ni dalili sahihi wala haifai kuzipitia juu juu. Lakini mwenye kusoma Aya ya 224 anawajibika kuifikia Aya ya 227. Hapo Allah (s.w.) amewatoa katika lawama walioamini, wakatenda mema, wakamkumbuka Allah kwa wingi na wakajitetea baada ya kudhulumiwa. Tuzingatie pia mfano uliotumika. Mshairi mpotofu amefananishwa na mtu anayezurura mabondeni bila ya njia wala mwisho wa safari. Lawama haikuwa kwa sababu ametaja bonde, bali kwa sababu amepotea ndani yake.

Ama Hadithi ya usaha, Imam Bukhari ameiweka chini ya mlango unaochukiza mashairi kumtawala mtu hadi yakamzuia na dhikri, elimu na Qur'an. Tumbo likishajaa kitu kimoja halibakizi nafasi ya kingine. Na juu ya tukio la Al-Arj, Imam An-Nawawi ameeleza kuwa huenda mtu yule alikuwa kafiri, au mashairi yalikuwa yamemtawala, au alichokuwa akighani kilikuwa kibaya. Tafsiri hii inalazimika, kwa sababu dalili za upande wa pili nazo ni sahihi, na nyingi kati yake zilitokea njiani vilevile.

DALILI ZINAZORUHUSU

Waarabu walikuwa na uimbaji maalumu wa msafarani uitwao hudaa. Mwenye kuswaga ngamia hughani beti fupi zenye mapigo, na ngamia hukaza mwendo. Katika Bukhari na Muslim imepokewa habari ya Anjasha, kijana mwenye sauti nzuri aliyekuwa akiwaswaga ngamia waliopanda wanawake. Mtume (s.a.w.) alimtaka aende polepole, akiwafananisha wanawake wale na vyombo vya kioo. Hakumkataza kughani. Alichomwelekeza ni kuwahurumia waliobebwa.

Aidha, katika msafara wa Khaybar mwaka wa 7 Hijria, Amir bin Al-Akwa' (r.a.) aliombwa na wenzake usiku awasikilizishe mashairi yake. Akashuka na kuwaswaga ngamia kwa beti zenye dua na kumtaja Allah. Mtume (s.a.w.) aliuliza ni nani mwenye kuswaga, na alipojulishwa akamuombea rehma. Amir alipata shahada katika vita hivyo.

Iliyo wazi zaidi ni Hadithi ya Ash-Sharid (r.a.) katika Sahih Muslim. Alikuwa amepanda nyuma ya Mtume (s.a.w.) juu ya mnyama mmoja, akaulizwa kama anahifadhi chochote katika mashairi ya Umayya bin Abis-Salt. Alipotoa ubeti mmoja aliombwa aongeze, na tena aongeze, hadi zikafika beti mia. Umayya huyo hakusilimu. Pamoja na hayo Mtume (s.a.w.) alisema kuwa alikaribia kusilimu ndani ya mashairi yake. Hapa tunapata kanuni kubwa: lililo jema katika maneno ya asiyekuwa Muislamu linasikilizwa na kukubaliwa kwa ajili ya wema wake.

Kisha kuna Bilal (r.a.). Waislamu walipohamia Madina, homa iliwashika, na Bibi Aisha (r.a.) amesimulia katika Bukhari kuwa Bilal, homa ikimpungua, alikuwa akipaza sauti kwa beti za kulitamani bonde la Makka, majani yake, maji yake na milima yake. Mtume (s.a.w.) hakumkemea kuwa anaililia nchi ya mushrikina. Alimuomba Allah awapendezeshe Madina kama walivyoipenda Makka au zaidi.

Kwa dalili hizi, Imam Shafii ameweka kipimo ambacho wanafunzi wote wanapaswa kukijua: shairi ni maneno, zuri lake ni kama maneno mazuri na baya lake ni kama maneno mabaya. Na Ibn Qudama (amefariki 620 H), mwanachuoni mkubwa wa Kihambali, ametamka wazi katika Al-Mughni kuwa hudaa ni mubaha. Tunazungumzia hapa maneno na sauti ya mtu. Mas-ala ya ala za muziki yana mlango wake na khilafu zake.

QUR'AN NA MACHO YA MSAFIRI

Tunaweza kwenda hatua moja mbele. Katika Surat Al-Ghashiya (88:17-20) wanadamu wametakiwa watazame vitu vinne: ngamia alivyoumbwa, mbingu ilivyoinuliwa, milima ilivyosimamishwa na ardhi ilivyotandazwa. Ibn Kathir ameeleza kuwa hivyo ndivyo anavyoviona Bedui akiwa safarini: mnyama aliyempanda, mbingu iliyo juu ya kichwa chake, mlima ulio mbele yake na ardhi iliyo chini yake. Ndivyo vilevile vilivyojaa katika mashairi ya zamani.

Tofauti basi iko wapi? Mshairi wa Jahiliya aliviona vitu hivi akarejea kwenye nafsi yake: mapenzi yake, ngamia wake, ushujaa wake. Qur'an inamtoa kwenye kiumbe na kumfikisha kwa Muumba. Macho ni yaleyale na njia ni ileile, isipokuwa safari ya pili ina mahali inapofika.

PWANI YETU NA TENZI ZA SAFARI

Washairi wa Kiswahili waliupokea urithi huu wakaupa sura yao. Moja ya hati za kale kabisa zenye tarehe katika tenzi zetu ni Utendi wa Tambuka wa Mwengo bin Athman wa Pate, wa mwaka 1141 H (1728), wenye beti zaidi ya 1,000. Maudhui yake ni safari ya jeshi la Waislamu kuelekea Tabuk kupambana na Hirakli, mfalme wa Rumi.

Hapa imamu awe mwangalifu. Utendi huo unasimulia mapigano makubwa, ilhali katika sira iliyothibiti msafara wa Tabuk wa mwaka wa 9 Hijria haukuishia kwenye vita. Mtume (s.a.w.) alifika, akakaa kwa muda wa takriban siku ishirini, akarejea. Utendi unasomwa kwa lugha yake, kwa athari yake katika nyoyo na kwa kujua namna wazee wetu walivyoisawiri nchi wasiyoiona. Hauletwi juu ya mimbari kama dalili ya sira.

Utenzi wa pili ni Al-Inkishafi wa Sayyid Abdallah bin Ali bin Nasir, uliotungwa mwanzoni mwa karne ya 19. Mtunzi anauambia moyo wake utazame majumba ya Pate yaliyokuwa na taa, mazulia na vyombo vya thamani, kisha yakabaki magofu yenye popo na wadudu. Huku ni kusimama penye mabaki kama walivyosimama Waarabu wa kale. Lakini yeye hamlilii mpenzi aliyehama na kabila. Anauonya moyo juu ya mauti na Akhera. Mlango wa kasida ya Jahiliya umegeuzwa kuwa mlango wa toba.

Upande wa bara, watu wa pwani walizijua njia kabla ya ramani za Wazungu. Mwaka 1870 mmisionari Thomas Wakefield alichapisha maelezo ya njia za misafara kutoka pwani hadi bara. Sehemu kubwa ya maelezo hayo aliipata kwa Sadi bin Ahedi, mwenyeji wa karibu na Gazi, aliyekuwa amehifadhi kichwani vituo, maji, milima na siku za mwendo. Nazo nyimbo za wapagazi zilifanya kazi ileile ya hudaa: kuulinganisha mwendo, kuusahaulisha mzigo na kuyakumbuka majina ya vituo.

MSAFARA WA 1892 NA FUNZO LAKE

Mwanzoni mwa mwaka 1892 msafara wa Oscar Baumann, raia wa Austria, uliondoka Tanga pamoja na wapagazi wengi wa pwani. Tarehe 18 Machi 1892 ulifika ukingoni mwa Ngorongoro. Mwenye kufika hapo leo huona sakafu ya takriban kilomita za mraba 260, iliyo chini ya ukingo kwa kiasi cha mita 600, pamoja na ziwa la magadi, msitu na makundi ya wanyama. Wageni wengi huandika kana kwamba wameiona bustani isiyo na historia.

Lakini msafara ule haukukuta bustani peke yake. Ugonjwa wa sotoka ulikuwa umeangamiza ng'ombe katika nchi ya Wamasai miaka michache kabla, na Baumann aliandika juu ya Wamasai waliodhoofika kwa njaa, wanawake na watoto wakiwa miongoni mwao, waliokuwa wakizunguka kambi yake. Wamasai wanaukumbuka wakati huo kwa jina la Emutai, yaani maangamizi.

Funzo kwa mtunzi Muislamu ni kubwa. Ukisifu ardhi ukawasahau waja wa Allah walioteseka juu yake, shairi lako limesema nusu ya kweli. Mtume (s.a.w.) alipomsikia Anjasha akighani, alichokitazama ni hali ya waliobebwa. Adabu ya shairi la safari ni kuwaona watu kabla ya mandhari.

KARATU NA NGORONGORO: KUMBUKUMBU ZA WENYEJI

Majina ya mahali katika nyanda hizi ni kumbukumbu. Oldeani linatokana na neno la Kimasai lenye maana ya mianzi. Lerai, msitu ulio ndani ya bonde, ni jina la migunga ya manjano. Manyara linahusishwa na mnyaa unaopandwa kuwa uzio wa boma. Na kabla ya Wamasai, nyanda hizi zilikaliwa na Wadatoga, ambao bado wana makaburi ya wazee wao ndani ya bonde la Ngorongoro.

Wairaqw wa Mbulu na Karatu wana maneno ya fasihi yaitwayo slufay. Mzee huyasema kwa mpangilio wa kishairi, akiomba mvua, amani, afya na baraka ya ardhi, na waliokusanyika humwitikia. Muiraqw aliyesilimu afanye nini nayo? Jibu limo katika kisa cha Umayya. Dua haielekezwi ila kwa Allah (s.w.) peke yake, na lolote lenye kumuomba kiumbe, jua, mzimu au mlima linaachwa bila ya mjadala. Ama ufasaha wa lugha, kuitakia heri nchi na jirani, kuyataja maji na malisho kwa majina yake, hayo hayakukatazwa. Vivyo hivyo kwenye makaburi ya watu wa kale: mtu huzingatia mauti na huheshimu wenyeji, lakini haombi hapo wala hatafuti baraka.

Chini ya nyanda za Ngorongoro, upande wa Bonde la Ufa, kuna magofu ya Engaruka. Kuanzia takriban karne ya 15 hadi ya 18 waliishi hapo wakulima waliojenga kwa mawe vijiji, matuta ya mashamba na mifereji ya kumwagilia, kisha wakapaacha. Khatibu anaweza kuvutwa kusema kuwa ni watu walioangamizwa kama Thamud. Hilo halifai. Kuhusu Al-Hijr, nchi ya Thamud, tuna nassi: Mtume (s.a.w.) alipopita njiani kwenda Tabuk aliwataka Maswahaba wasiingie ila wakilia, na akaharakisha mwendo. Kuhusu Engaruka hatuna nassi yoyote, na kuwahukumu watu kuwa waliadhibiwa bila ya dalili ni kusema juu ya Allah bila ya elimu. Tuchukue mazingatio ya Al-Inkishafi, kuwa makazi hubaki na wakazi huondoka, tuishie hapo.

Kuna pia suala la watu kuipenda nchi yao. Tangu mwaka 2022 baadhi ya familia za Ngorongoro zimehamia Msomera, wilayani Handeni, chini ya mpango wa Serikali. Mambo ya ardhi yana vikao vyake, nasi hatuyaamui hapa. Tunachosema kwa maimamu ni kuwa msimdharau mwenye kuililia chemchemi au mlima wa kwao, hata kama si Muislamu. Watu wengi hutaja katika mawaidha kuwa kupenda nchi ni sehemu ya imani, wakainasibisha kauli hiyo na Mtume (s.a.w.). Wanachuoni wa Hadithi, akiwemo As-Saghani, wameihesabu kuwa ni ya kutungwa. Wala hatuihitaji. Kisa cha Bilal kinatosha, na inatosha Hadithi sahihi ya Mtume (s.a.w.) juu ya Uhud, kuwa ni mlima unaotupenda nasi tunaupenda.

HUKUMU ZA VITENDO

Kutokana na tuliyoyaeleza, tunafupisha kwa wanafunzi na kwa wenye kusafiri njia hii.

Kwanza, kutunga au kughani mashairi juu ya safari, milima, wanyama na nchi ni mubaha kwa asili yake. Yakiwa na kumkumbusha mtu uwezo wa Allah, kuhifadhi elimu ya mahali au kuwahurumia watu, huwa na malipo kwa kadiri ya nia. Yakiwa na shirki, matusi, kusifia uchafu au kumdhalilisha mtu wa kabila jingine, ni haramu kama maneno mengine.

Pili, msafiri ana dhikri iliyothibiti kabla hajawa na shairi. Jabir (r.a.) amesimulia katika Bukhari kuwa Maswahaba walipopanda walileta takbira na waliposhuka walileta tasbihi. Njia ya Karatu ni kama imetengenezwa kwa Sunna hii: takbira katika kupanda kutoka Mto wa Mbu, tasbihi katika kushuka bonde la Ngorongoro. Mwenye kupanda juu humtaja Allah kuwa Yeye ndiye Mkubwa, asijione yeye yuko juu. Mwenye kushuka humtakasa Allah na kila upungufu.

Tatu, Sala. Kwa madhehebu ya Shafii, anayetoka Arusha kwenda Karatu amevuka masafa ya kupunguza, yanayokadiriwa na wanachuoni wa zama zetu kuwa kati ya kilomita 80 na 90. Huanza kupunguza baada ya kutoka katika majengo ya mji wake. Akinuia kukaa siku nne kamili, mbali na siku ya kuingia na ya kutoka, hukumu ya safari hukatika. Ama mkazi wa Karatu anayepeleka wageni Ngorongoro na kurudi siku hiyohiyo, huyo si msafiri wa kupunguza, kwa sababu masafa hayatoshi. Atasali Sala kamili kwa wakati wake.

Ndani ya bonde watu hawaruhusiwi kushuka garini popote, bali sehemu maalumu kama Ngoitokitok. Kwa hiyo muongozaji apange ratiba yake ili Adhuhuri na Alasiri zisimpite. Ni kweli kuwa mafakihi wetu wamemtaja mtu anayemkimbia mnyama mkali katika mlango wa Sala ya Khofu. Lakini aliyeingia kwa ratiba na gari salama si mwenye kukimbia, na hawezi kuifanya kazi yake ya kila siku kuwa dharura.

Nne, ukweli. Muongozaji asiwatungie wageni visa vya uongo juu ya kabila au mlima ili wafurahi. Aya imewalaumu washairi kwa kusema wasiyoyatenda, na anayesimulia asiyoyajua yuko karibu na lawama hiyo.

TAMATI

Tulimjibu kijana wetu hivi: alifungue daftari lake. Aupitie kila ubeti kwa kipimo cha Imam Shafii, afute penye kumuomba asiyekuwa Allah na penye kumcheka jirani. Majina ya chemchemi aliyoyapata kwa babu yake asiyafute, bali ayaandike vizuri na aulizie matamshi yake kwa wazee, kama walivyofanya Al-Bakri na Yaqut kwa mabonde ya Waarabu. Na wakati wa Sala ukiingia, daftari lifungwe kwa muda. Hapo tumbo halitakuwa limejaa mashairi, na mtunzi hatakuwa miongoni mwa wanaotangatanga mabondeni.

Kwa waliomkataza tunasema kuwa ghera yao juu ya dini ni jambo jema, lakini ghera inahitaji kuisoma Aya hadi mwisho wake. Mtu anaweza kumfungia mwenzake mlango wa halali akidhani anamkinga na haramu, na hilo nalo lina hisabu yake.

Tunamuomba Allah (s.w.) aijaalie kila safari yetu iwe ya kumtii, atufikishe salama na atupe macho yenye kuzingatia. Wallahu a'lam.